Kuipima Filamu ya Makala, Ukianzia Mengo

Huko Mengo, Kampala, Barabara ya Kabaka Anjagala inatoka Bulange, jengo la bunge la Buganda, hadi Lubiri, kasri la Kabaka, na katikati yake kuna Nantawetwa, mzunguko wenye geti. Kabaka, mfalme wa Buganda, peke yake ndiye anayepita katikati. Sisi wengine, hata waziri, tunazunguka. Mtengenezaji wa filamu akiiacha kamera pale dakika nzima, magari yakizunguka na geti likiwa limefungwa, amenieleza ufalme vizuri kuliko profesa yeyote wa kuhojiwa. Akianza na droni juu ya paa la Bulange, naanza kumtilia shaka.

Filamu ya makala ya majaribio haipimwi kwa ajabu zake. Mimi huhesabu sekunde. Ndani ya Lubiri, iliyovamiwa na jeshi la Rais Milton Obote Mei 1966, kuna mahandaki ya zege ya enzi za Idi Amin yaliyogeuzwa vyumba vya mateso, na ukutani yamebaki maandishi ya waliofungwa. Kamera ikiyafikia, hesabu moyoni. Mtazamaji anahitaji muda wa kusoma, kisha muda mwingine wa kutambua kwamba kuna mkono ulioandika. Picha ikikatwa kabla ya hapo, mhariri hakumheshimu mwandishi wa maneno yale. Na kinanda cha huzuni kisimwagwe juu yake! Zege lina mwangwi wake, na nyayo zinatosha.

Kipimo kigumu zaidi ni kujua nani ameishika picha. Barbet Schroeder alitoa filamu juu ya Idi Amin mwaka 1974 akaiita picha aliyojichora Amin mwenyewe, kwa sababu mengi ndani yake aliyapanga Amin. Ufundi uko pale Schroeder anapomwachia nafasi hiyo bila kuacha kutazama. Kwenye kikao cha mawaziri, Amin anakaripia, wao wanaandika vichwa vikiwa chini, na kamera inaganda kwenye nyuso zao. Baadaye Amin aliwatumia Wafaransa waliokuwa Uganda kama mateka mpaka vipande alivyovichukia vikakatwa; alipoanguka, vilirudishwa.

Ninayempenda zaidi ni Ntare Guma Mbaho Mwine, mwigizaji aliyezaliwa Marekani kwa wazazi wa Uganda. Mwaka 2002 gari lake liliharibika Mbirizi, mji mdogo wa Uganda, akajikuta kwenye studio ya mpigapicha Kibaate. Filamu iliyotokana na siku hiyo, Memories of Love Returned, ilitoka 2024. Miaka ishirini na zaidi! Muda huo unauona kwenye filamu yenyewe, kwa sababu Mwine alizirudisha picha za Kibaate Mbirizi, akazitundika hadharani, na watu wakaja kujitafuta, wao na marehemu wao.

Kwa hiyo mtu akiniletea filamu ya Lubiri, kabla ya kuuliza imeshinda wapi, nitamwuliza kama watu wa Mengo wameshaitazama, na nani aliinuka kuibishia.