Mizani ya Filamu Isiyo na Hadithi

Mtu wa Njoro, mjini Moshi, aliyekwisha kuzoea filamu zenye shujaa, hasimu na arusi, anapoketi mbele ya filamu fupi isiyo na kitu ila nuru, rangi na mwendo, huuliza kwanza inasimulia nini, na kwa kuwa swali hilo halina jawabu, aghalabu hutoka akidhani kuwa amedhulumiwa wakati wake. Mwenye kutaka kuihukumu kwa insafu na aulize badala yake picha ile inalitenda nini jicho lake.

Twaa Waiting, kazi ya mwaka 2007 ya Zarina Bhimji, mzaliwa wa Mbarara, isiyotimia dakika nane, iliyopigwa katika kiwanda cha mkonge cha Afrika ya Mashariki. Sisi tuliokulia karibu na mashamba ya tambarare, tunaojua korona, yaani mashine ya kuchakata mkonge, na singa, yaani nyuzi zake, zilizoanikwa, tumo hatarini kuliko mtazamaji wa London, kwa sababu jicho likisha kulitambua jina la kitu hudhani limemaliza kazi, likaacha kutazama. Ustadi wa Bhimji ni kuikawiza picha juu ya singa hata jina likafifia, pakabaki umanjano wa nuru, vumbi lielealo, na nyuzi mfano wa nywele za mtu asiyekuwapo. Hapa ndipo penye kipimo kikubwa kuliko vyote, nacho ni kadiri ya muda. Picha iliyokatwa kabla jina halijafifia ni ya mwoga. Iliyorefushwa baada ya jicho kushiba ni ya mwenye makuu, na hawa wa pili, wallahi, ni wengi zaidi.

Kisha utazame mpango. Katika Mothlight ya 1963, Stan Brakhage hakutumia kamera kabisa: alibandika mbawa za nondo na majani baina ya tepu angavu, bila sauti yoyote, lakini vipande hivyo vimefuatana kwa nidhamu ya vina na mizani, hata ukihamisha kimoja utahisi ubeti umevunjika. Penye sauti, kama Begone Dull Care ya 1949, ambamo Norman McLaren na Evelyn Lambart walichora juu ya utepe wenyewe wakiifuata piano ya Oscar Peterson, angalia kama rangi mara huitii piano, mara huiasi. Rangi itiiyo daima ni pambo tu.

Tazama usiku, kwa kuwa jua la Moshi huua weusi wa picha, wala usitumie kioo cha simu, kimezacho chembe ndogondogo. Kisha rudia. Filamu ambayo mara ya pili haikuonyeshi ila ulichokwisha kukiona, hata ikiwa imesifiwa Ulaya nzima, mwachie mwenyewe.