Lipiko halipimwi likiwa ukutani

Ukiletewa lipiko, ile sura ya mti ambayo Wamakonde huicheza kwenye jando, kwanza lipime kwa mkono. Lipiko la ngoma ni jepesi, limechongwa kwa mti laini, kwa sababu kuna mtu atakayelivaa na kurukaruka nalo juani. Ukipewa la mpingo, hata liwe la fundi hodari namna gani, umepewa pambo la sebuleni. Mpingo huzama majini. Hakuna mchezaji wa Newala atakayejibebesha mzigo huo usoni.

Halafu ligeuze. Wanunuzi wengi hutazama mbele tu, na wauzaji wanalijua hilo. Ushahidi uko ndani: pale paji la uso liliposugua, mti umeiva kwa jasho na unang'aa, matundu ya pembeni ya kushikizia kitambaa yamepanuka kwa kuvutwavutwa. Weusi wa kughushi, wa kupakwa kiwi ya viatu, hunuka kiwi.

Mbele, angalia chale. Kwenye mapiko mengi ya zamani zimebandikwa kwa nta ya nyuki, mstari mmoja mmoja, kwa hiyo shavu hili halifanani kabisa na lile. Nywele ziwe za mtu kweli. Sura ya kike iwe na ndonya kwenye mdomo wa juu. Ila mimi huanzia machoni. Macho yaliyotumbuliwa huchekesha watoto. Yaliyofumbwa nusu humwacha mtu hana hakika kama ameonwa.

Hapo ndipo penye utamu wenyewe. Katika The Blair Witch Project ya 1999, filamu inayojifanya mkanda uliookotwa porini, Heather Donahue analia mbele ya kamera yake mwenyewe, na mchawi haonekani hata mara moja. Lipiko hutisha kwa sheria hiyohiyo: kilichofichwa ndicho kinachotisha. Mwili wote hufunikwa, maana asiyepita jandoni anaambiwa kuwa huyo si mtu. Ukiona kifundo cha mguu au kipande cha shingo, kazi imeharibika, hata sura iwe nzuri kiasi gani. (Kina mama si wajinga. Wanajua, na wanapiga mayowe na kukimbia kwa ufundi wao.)

Kwa hiyo, likishaingia uwanjani, wacha kuitazama sura, sikiliza njuga. Ngoma ikikatika, lipiko linatakiwa likatike nayo, palepale. Njuga ikilia baada ya ngoma, huyo bado anajifunza. Bingwa husimama wima, kimya, kisha anageuza kichwa taratibu kuelekea kwa watu, na duara zima linarudi nyuma kabla hajanyanyua mguu.

Mwaka 1906 Karl Weule, Mjerumani wa makumbusho ya Leipzig, alipita Masasi na Newala na mashine ya sinema na fonografu, akarekodi ngoma za huku. Lakini mashine zake zilikuwa mbili mbalimbali, picha kivyake na sauti kivyake, na kipimo cha lipiko kimo katika kukutana kwa hivyo viwili. Hata lile lililoibwa Makumbusho ya Taifa Dar es Salaam mwaka 1984, likarudishwa na Makumbusho ya Barbier-Mueller ya Geneva mwaka 2010, lilinunuliwa kwa uso wake tu.

Anayetaka kuhukumu kwa haki apande Newala kiangazi, baada ya mavuno, aombe ruhusa kwa wenye jando, kisha asimame upande wa wanaokimbia.