Mtoto Kama Kitovu cha Jukwaa: Sanaa ya Efua Sutherland

Katika uhakiki wa tamthilia ya Afrika Magharibi, jina la Efua Theodora Sutherland wa Ghana aghalabu huambatanishwa na tamthilia tatu: Edufa na Foriwa, zilizochapishwa mwaka 1967, na The Marriage of Anansewa ya mwaka 1975. Vitabu vyake vya watoto, iwapo vinatajwa, hupewa sentensi moja mwishoni mwa wasifu. Mgawanyo huu si wa haki, na ubaya wake hauishii katika suala la heshima. Unaifanya kazi ya watoto ionekane kama mapumziko ya mtunzi baada ya shughuli nzito, ilhali maisha na maandishi yake yanaelekeza kwingine kabisa. Mbinu inayoipa The Marriage of Anansewa uhai wake ni ile ile aliyokuwa akiifinyanga katika michezo ya watoto, na mwelekezi huyu aliijua hadhira yake kwa kuwatazama watoto wakicheza.

Sutherland alizaliwa Cape Coast mwaka 1924, akalelewa na bibi yake, akasomea ualimu, kisha akaenda Uingereza kuendelea na masomo katika chuo cha Homerton, Cambridge, na baadaye London. Alirejea mwaka 1951 na kufundisha. Ualimu huo usipuuzwe. Mwalimu aliyerudi Gold Coast wakati huo alikuta darasa ambamo mtoto wa Kifante alisoma hadithi za theluji na maua ya Uingereza, ilhali jioni nyumbani alisikia visa vya Ananse, yule buibui mjanja ambaye kwa Waakan ni nduguye Sungura wetu. Mwaka wa uhuru, 1957, Sutherland alikuwa mstari wa mbele katika kuunda chama cha waandishi wa Ghana, na mwaka uliofuata alianzisha kundi la majaribio ya maonyesho. Mwaka 1961 ukumbi wa Ghana Drama Studio ulifunguliwa jijini Accra. Kuanzia mwaka 1963 kazi yake ilihamia Chuo Kikuu cha Ghana, Legon, katika Taasisi ya Taaluma za Kiafrika, alikobaki hadi alipostaafu mwaka 1984.

Ukumbi huo unastahili kuzingatiwa kwa sababu ndio andiko lake la kwanza la uelekezi. Ulijengwa kwa kufuata ua wa nyumba ya jadi ulio wazi kwa anga, na jukwaa likiwa upande mmoja. Mtu anayekaa uani hawezi kujidai kuwa haonekani. Anamwona jirani yake akicheka, naye anaonekana akicheka. Hii ni hadhira tofauti sana na ile inayofichwa gizani mbele ya jukwaa lenye mapazia, na tamthilia iliyotungwa kwa ajili ya ua huo ikisomwa kana kwamba ilitungwa kwa ajili ya giza, lazima itaonekana nyepesi. Lawama kwamba wahusika wa Sutherland hawana kina cha nafsi hutokana, kwa kiasi kikubwa, na usomaji wa namna hiyo.

Katika miaka hiyo hiyo ya mwanzo alitoa, pamoja na mpigapicha Mmarekani Willis Bell, kitabu cha Playtime in Africa. Ni kitabu cha picha za watoto wa Ghana wakicheza, kikisindikizwa na maneno machache ya Sutherland. Kwa mtazamo wa haraka ni zawadi ya krismasi. Kikitazamwa kwa makini, ni daftari la mwelekezi. Michezo ya watoto inayoonekana humo ni utendaji uliokwisha kupangwa: kuna duara, kuna anayeingia katikati, kuna wanaoitikia, kuna kanuni ambazo kila mmoja anazijua bila kuandikiwa. Hapana mtazamaji mtupu. Anayesubiri zamu yake naye anapiga makofi, na makofi hayo ndiyo yanayomwongoza aliye katikati.

Duara hilo ndilo lililozaa Vulture! Vulture! na Tahinta, michezo miwili ya mahadhi iliyochapishwa pamoja mwaka 1968. Humo hamna maelezo marefu ya jukwaa wala wahusika wa kuchambuliwa. Sauti moja inaongoza, kundi linaitikia, na kisa kinasonga kwa sababu kiitikio kinakisukuma. Mhakiki aliyezoea kusaka dhamira atalifunga kijitabu hiki baada ya dakika kumi na asiwe na la kusema. Lakini mwalimu wa shule ya msingi mwenye watoto hamsini, bila vazi la maonyesho wala taa, ataona mara moja kwamba amepewa mchezo ambao hakuna mtoto anayebaki nje yake. Suala la kiufundi ambalo Sutherland alilitatua hapa ni gumu: jinsi ya kuandika utendaji wa kundi pasipo kuua uhuru wa kundi. Haiwezi kudaiwa kwamba kijitabu hiki kiliizaa The Marriage of Anansewa kwa mstari mnyoofu, kwani kazi hizo zilikuwa zikiendelea bega kwa bega jukwaani. Linaloweza kudaiwa ni kwamba zote mbili zinajibu swali moja.

Jibu lake katika tamthilia hiyo kubwa linaitwa mboguo. Katika utambaji wa ngano za Ananse, yaani anansesem, msikilizaji ana ruhusa ya kumkatiza mtambaji kwa wimbo, wakati mwingine kumsaidia, wakati mwingine kumtania. Sutherland aliichukua ruhusa hii akaifanya mhimili wa aina mpya ya tamthilia aliyoiita anansegoro. Msomaji wa Kiswahili atakumbuka “Paukwa” na “Pakawa”, ila tofauti ina uzito wake. Fomula yetu huweka mkataba kati ya fanani na hadhira mwanzoni mwa ngano, na nyimbo za katikati kwa kawaida humilikiwa na kisa chenyewe. Mboguo huufungua mkataba huo upya kila mara kisa kinapoelekea kujifunga.

Katika The Marriage of Anansewa, Ananse ni baba mjane, fukara, mwenye binti anayesomea upigaji taipu na ambaye karo yake inamshinda. Anamwita binti huyo amchapie barua. Barua hizo, bila yeye kujua, zinamposa yeye mwenyewe kwa machifu wanne kwa wakati mmoja. Hakuna tukio kali kuliko hili katika kazi zote za Sutherland: mtoto anachapa kwa vidole vyake hati za biashara inayomhusu, kwa ujuzi ambao baba anasema anaulipia kwa manufaa yake. Zawadi zinamiminika. Namna ya Ananse kukwepa deni la zawadi hizo inapatikana katika mboguo, kwenye kijiigizo cha Akwasi na Akosua, ambapo mwanamume anayedai mke kwa sababu alimpa zawadi anaelezwa kwamba bila kinywaji cha posa hajamfunga mtu. Kijiigizo hicho kina mwendo wa mchezo wa watoto uani, ubishi mfupi na hukumu ya papo hapo. Hata hivyo, ndicho kinachobeba sheria ambayo hila nzima inaiegemea. Hapa mbinu ya kazi za watoto imeingia katika uti wa mgongo wa tamthilia ya watu wazima.

Hata hivyo tamthilia hii ina doa. Machifu wote wanne wanapotangaza kuja kukamilisha posa, Ananse anamlazimisha binti ajifanye maiti. Wajumbe wanaleta rambirambi, kila ujumbe ukifichua tabia ya chifu wake, na yule anayeitwa Chifu-Aliye-Chifu anaonekana ndiye mwenye upendo wa kweli. Ananse anajifanya kuwa upendo huo umemfufua binti, na mambo yanaishia kwa furaha. Anansewa alipogundua njama alipinga kuuzwa, lakini upinzani wake ulitulizwa mara tu aliposifiwa chifu anayependeza. Katika kilele cha mchezo amelala kimya huku wanaume wakizungumza juu yake. Sutherland alieleza katika dibaji yake kwamba hadhira ya Ananse huja ikiwa imekubali kuhadaiwa. Ni kweli, na kicheko kinachotokea ni kikubwa. Lakini hadhira inayokatiza kila kitu kwa wimbo haimkatizi Ananse mahali ambapo mtoto alihitaji wakili. Kanuni ya duara, kwamba kila mmoja apate zamu yake katikati, imevunjwa kwa hasara ya mhusika aliye mdogo kuliko wote.

Lawama hii inapata uzito kwa sababu ya aliyefanya Sutherland nje ya jukwaa. Mwaka 1979 aliteuliwa kuongoza tume ya taifa ya watoto ya Ghana, akaiongoza hadi mwaka 1983, na mwezi Februari 1990 Ghana ikawa nchi ya kwanza duniani kuridhia Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Haki za Mtoto. Mwanamke aliyejua fika thamani ya sauti ya mtoto alimwacha Ananse ashinde. Huenda mtunzi alishindwa na mhusika wake, kama wanavyoshindwa wote wanaoshirikiana na buibui huyo. Edufa, iliyojengwa juu ya Alcestis ya Euripides, inamhukumu mume anayenunua maisha yake kwa kifo cha mkewe, na hukumu hiyo ni kali kuliko yoyote inayompata Ananse. Edufa, lakini, ni tamthilia ya kusomwa zaidi. Foriwa ina nia njema kupita uwezo wake.

Suala la lugha nalo halikwepeki. Katika kijiji cha Ekumfi Atwia Sutherland alishirikiana na wanakijiji kujenga Kodzidan, nyumba ya ngano, ambamo utambaji uliendelea kwa Kifante. Kundi lake la Kusum Agoromba, lililoundwa mwaka 1968, lilizunguka nchini likiigiza kwa Kiakan. Mwaka 1970 alichapisha kijitabu kuhusu Bob Johnson, mchekeshaji wa maonyesho ya mitaani, kwani aliamini kwamba wachekeshaji hao walijua jambo ambalo chuo kikuu hakikulijua. Hata hivyo tamthilia zilizobaki mikononi mwetu zimechapishwa kwa Kiingereza. Kenya ilishuhudia njia nyingine: mwaka 1977 wanakijiji wa Kamĩrĩĩthũ waliigiza Ngaahika Ndeenda kwa Kigĩkũyũ, na mwaka 1982 serikali ikaubomoa ukumbi wao. Sutherland hakukutana na bunduki. Drama Studio ulibomolewa mwaka 1990 kupisha ujenzi wa jumba la taifa la maonyesho, na mfano wake ukajengwa upya Legon. Hatari za kumbi hizi mbili zilikuwa tofauti, na si sawa kuziweka katika mizani moja. Ila zote mbili zinathibitisha kwamba mwelekezi anayejenga jengo huandika kwa wino unaofutika upesi kuliko wa mtunzi.

Alifariki Januari 1996. Mwaka 1997 wakfu wa Mmofra, jina linalomaanisha “watoto” kwa Kiakan, ulianzishwa ili kuendeleza azma yake, na bustani ya watoto jijini Accra ikapewa jina lake. Wahakiki wamebaki na vitabu, na katika vitabu hivyo mboguo zimegandishwa: wimbo huu hapa, kiitikio kile pale, katika lugha ambayo ua wa Atwia haukuimba kwayo. Mwelekezi anayetaka kuionyesha The Marriage of Anansewa Nairobi au Mombasa atalazimika kuamua ni nyimbo zipi hadhira yake inazijua bila kufundishwa, ni wapi aiachie ikatize, na kama itaruhusiwa kukatiza pale Anansewa anapoamriwa kulala na kufumba macho.