"Hip", "Hep" na Mvuto wa Kiwolofu

Kamusi za Kiingereza hutenganisha hip ya nyonga na hip ya mitaani, "mjuzi wa mambo", iliyoanza kuandikwa Marekani mwanzoni mwa karne ya 20 sambamba na hep. David Dalby aliinasibisha na hipi ya Kiwolofu, "kufumbua macho". Clarence Major akaikubali asili hiyo katika kamusi yake ya 1994. Inatupendeza Waafrika, nami niliifundisha bila kuihoji. Lakini neno la silabi moja hufanana kwa urahisi na neno la lugha yoyote, na biashara ya kuingiza watumwa Marekani ilipigwa marufuku mwaka 1808, takriban karne moja kabla. Mtetezi atasema usemi wa watumwa haukuandikwa. Ni kweli, ila ukimya huo hauthibitishi Kiwolofu kuliko lugha nyingine.