Kahawa Isiyoonjwa

Kitabu hiki nimekipigia debe kwa kila mtu, na bado kinaniudhi. Before the Coffee Gets Cold ya Toshikazu Kawaguchi ilianza kama mchezo wa jukwaani, ikatoka kama riwaya Japani mwaka 2015, halafu 2019 ikaja tafsiri ya Kiingereza ya Geoffrey Trousselot. Ni aina ya kitabu ambacho rafiki anakuazima akijua umefiwa.

Mambo yenyewe ni hivi. Kuna mkahawa mdogo Tokyo, chini ya ardhi, hauna dirisha. Ukikalia kiti fulani ukamiminiwa kahawa, unarudi wakati uliopita. Masharti ni mengi kuliko ya mkopo wa simu: hukutani na mtu ambaye hajawahi kuingia mkahawani humo, huinuki kitini, hubadilishi chochote cha leo, na lazima umalize kikombe kabla kahawa haijapoa. Ukichelewa, unageuka mzimu. Kiti chenyewe kinakaliwa na mwanamke aliyechelewa, anayesoma kitabu siku nzima na kuinuka mara moja tu kwenda choo. (Mzimu anaenda choo, manze. Hapo Kawaguchi alinipata.)

Sasa, ladha iko wapi? Tunaambiwa kahawa ni mocha ya Ethiopia, na mwenye mkahawa hataki kusikia nyingine. Basi, hapo imeisha. Wasafiri wanaigugumia kama dawa. Hirai anapokwenda kumwona mdogo wake aliyekufa, anatiliwa kikombeni kijiti kinacholia kengele kahawa ikikaribia kupoa. Yaani kahawa ni saa tu. Nilifikiria kahawa tungu ya Mombasa, ile ya dele lenye mkaa chini: mkaa ukiwaka haipoi, muuzaji anakujazia tena, maongezi yanaendelea. Hadithi hii isingesimama dakika tano barazani.

Marcel Proust, mwaka 1913, alifanya kinyume. Msimulizi wake anaonja kijiko cha chai chenye makombo ya keki ndogo, na utoto wake mzima unarudi bila kuitwa. Kwenye rasimu za mwanzo haikuwa hata keki, ilikuwa mkate uliochomwa. Tena anapoonja mara ya pili na ya tatu, nguvu inapungua. Kule ladha ndiyo mlango, na mlango haufunguki ukiubisha. Kwa Kawaguchi unapanga foleni.

Si ugomvi wa wasomi tu huu. Aliyewahi kuzika mtu anajua vile uji wa wimbi wenye ndimu unaweza kumshika kibandani, watu wakimwangalia, siku ambayo hakuwa na habari ya kulia. Huwezi kumpangia marehemu saa. Kawaguchi anatuuzia miadi: nenda, sema ulichoshindwa kusema, rudi kabla ya kengele. Naelewa kwa nini tunanunua. Mimi pia ningenunua.

Lakini pia sitaki kumwonea. Hadithi ya pili ni nzuri kweli. Kohtake ni muuguzi, mumewe Fusagi ana Alzheimer na amemsahau kabisa, hata anamwita kwa jina lake la kabla ya ndoa. Anarudi nyuma kuchukua barua ambayo mumewe alishindwa kumpa. Barua inamwomba, kwa ufupi, asimkalie kama muuguzi. Akichoka kuwa mke, aende zake. Ugonjwa uko palepale. Kilichobadilika ni vile anamwangalia mtu aliyeketi meza ya pili akisoma jarida la safari. Ile sheria ya kutobadilisha chochote inafanya kazi yake hapa, kwa sababu hakuna anayedanganywa.

Hirai ndiye ananitia wasiwasi. Alitoroka nyumba ya wageni ya familia yake, akafungua baa yake mjini, akawa anajificha mdogo wake akija kumsihi arudi. Mdogo akafa ajalini akitoka kumtafuta. Baada ya kikombe kimoja, Hirai anafunga baa na kurudi nyumbani. Tunatakiwa tulie, na nililia. Halafu nikajiuliza, mbona marehemu wanakubaliana na wazazi kila mara? Wewe uliye Nairobi na simu ya nyumbani inayoita kila Jumapili, soma sura hiyo kwa makini. Alichojenga Hirai mjini kinafutwa kwa kurasa chache, na hakuna anayekihesabu kuwa hasara.

Kisha kuna yule mwanamke wa kitini. Alikwenda kumwona mumewe aliyekufa, akaacha kahawa ipoe. Vitabu vinavyofuata vinamrudia, ila katika hiki anapata mistari michache tu, na yeye peke yake ndiye aliyekataa kuondoka saa ilipofika. Ningesoma kurasa mia mbili za dakika yake ya mwisho, kikombe kikiwa kingali na uvuguvugu.