Jean-Marie Teno na vitabu vinavyokosa

Mwaka 1992 Jean-Marie Teno, mtengeneza filme wa Kameruni, alitoa «Afrique, je te plumerai». Kamera inaingia mu maktaba za Yaoundé kutafuta vitabu vya Waafrika. Inakuta zaidi vya Ulaya. Sisi walimu tulijiona mule: kitabu kimoja kwa wanafunzi wengi, nacho kimechapwa Ulaya. Mwaka 2004, katika «Le Malentendu colonial», alifuata wamisionere wa Ujerumani mpaka Namibia, kule Waherero waliangamizwa tangu 1904.

Tunamlaumu kitu kimoja: anasema sana yeye mwenyewe, picha inakosa nafasi. Lakini hamwachi mtawala Mwafrika ajifiche nyuma ya Mzungu, naye anamuuliza. Filme hizi zionyeshwe mu masomo yetu, kisha kila mwanafunzi aulize wazee wa kwao, aandike.