Kamera Zifikapo Mahenge

Napenda kuwapongeza watengenezaji wa vipindi vya sanaa na utamaduni wanaobeba kamera hadi Mahenge, Songea, yalipo Makumbusho ya Taifa ya Majimaji. Kipindi kizuri hakiishii kwenye hotuba za wageni rasmi. Kinampa nafasi mpiga ngoma, kinamwacha mzee amalize maneno yake.

Na ya kurekodiwa mkoani Ruvuma ni mengi. Wangoni wana lizombe na ligihu. Pwani ya Ziwa Nyasa wanaume hucheza mganda kwa mistari iliyonyooka, nadhifu kama gwaride, wanawake nao wana kioda. Ngoma hizi hazisimuliki redioni zikatosha. Miguu na mabega lazima vionekane.

Kila Februari 27 mashujaa wa Vita vya Majimaji walionyongwa na Wajerumani mwaka 1906 hukumbukwa hapo Mahenge. Tarehe 1 Novemba 2023, Rais Frank-Walter Steinmeier wa Ujerumani aliomba radhi hapo hapo Songea, mbele ya wazao wa Nduna Songea Mbano, mmoja wa mashujaa hao, ambao wamekuwa wakilitafuta fuvu la babu yao. Kuyaona hayo kwa macho, hata ukiwa Kigoma au Tanga, ni jambo kubwa, na waliotuwezesha wanastahili heshima.

Rai yangu kwa wahariri: msikate ngoma ikiwa ndiyo kwanza inakolea. Irekodini nzima, mtaje kikundi na kijiji chake, kisha muache nakala makumbusho ili vijana wa Songea waitazame na kujifunza.